Mstari wa Mwisho wa Kibandiko: Picha za Marekani ni Mali ya Nani?

Kando ya kila picha katika makumbusho ya sanaa ya Marekani huwa pana kibandiko chenye jina la mchoraji, jina la picha, mwaka na aina ya rangi iliyotumika. Watazamaji wengi huyasoma hayo na kupita. Chini yake, kwa herufi ndogo zaidi, huwa pana mstari mmoja unaoeleza picha ile ilifikaje pale: ni zawadi ya fulani, ni urithi ulioachwa na fulani kwa wosia, au imenunuliwa kwa fedha za mfuko fulani. Mstari huo hufuatana na namba. Katika Taasisi ya Sanaa ya Chicago, picha ya Edward Hopper iitwayo "Nighthawks", yenye watu wanne ndani ya mgahawa unaowaka taa usiku wa manane, ina namba 1942.51, na mstari wake unataja mkusanyiko wa Marafiki wa Sanaa ya Marekani. Namba ya kwanza ni mwaka ambao picha iliingizwa katika daftari la mali, na ya pili ni nafasi yake katika orodha ya mwaka huo. Hopper aliimaliza Januari 1942, na kabla ya nusu ya mwaka kupita ilikuwa imekwisha kununuliwa kwa dola 3,000. Umoja huohuo wa wafadhili ndio uliotoa dola 300 mwaka 1930 kununua "American Gothic" ya Grant Wood, picha ya mkulima mwenye uma wa nyasi na mwanamke aliyesimama kando yake, ambayo leo inajulikana karibu duniani kote.

Mstari huo mdogo unastahili kusomwa kwa makini kuliko yote yaliyo juu yake. Ndio unaoeleza kwa nini picha hii ipo ukutani na ile haipo, kama inaweza kuuzwa kesho, na ni nani mwenye haki ya kwenda mahakamani kuzuia isiuzwe. Wanaoandika historia ya uchoraji wa Marekani huanza na mitindo, kutoka mandhari za milima na mito za karne ya 19 hadi turubai za rangi tupu zilizochorwa baada ya Vita vya Pili vya Dunia. Mpangilio huo una manufaa yake, lakini unaficha ukweli kwamba tunachokiita uchoraji wa Marekani ni kile ambacho watu fulani walikinunua, wakakitoa, na taasisi fulani zikakubali kukipokea.

Hata swali la picha ipi ni ya Kimarekani halijibiwi kwa kuangalia turubai peke yake. "Washington Crossing the Delaware", picha yenye upana wa zaidi ya meta 6 ambayo watoto wa shule wa Marekani huiona katika vitabu vyao vya historia, ilichorwa mwaka 1851 mjini Düsseldorf, Ujerumani, na Emanuel Leutze, aliyezaliwa Ujerumani na kukulia Marekani. Iliingia katika Makumbusho ya Metropolitan ya New York mwaka 1897 kama zawadi ya tajiri John Stewart Kennedy. John Singer Sargent alizaliwa Florence, Italia, akasomea uchoraji Paris na kuishi sehemu kubwa ya maisha yake London. Picha yake ya "Madame X", iliyozua kashfa Paris mwaka 1884, aliiuza mwenyewe kwa Metropolitan mwaka 1916. Na picha ya mama yake James McNeill Whistler, mzaliwa wa Massachusetts, ambayo Wamarekani wengi huiona kama sura ya umama wa nchi yao, haiko Marekani kabisa. Serikali ya Ufaransa iliinunua mwaka 1891, na leo ni mali ya Makumbusho ya Orsay jijini Paris.

Mfano huo wa mwisho unatufikisha kwenye kiini cha jambo. Nchini Ufaransa, kitu kilichoingizwa katika makusanyo ya makumbusho ya taifa ni mali ya umma, na sheria inakataza kukiuza. Mkurugenzi wa Orsay hata akitaka, hana mamlaka ya kumpeleka mama yake Whistler mnadani. Marekani iko tofauti. Yapo makumbusho machache ya serikali kuu, kama Jumba la Taifa la Sanaa la Washington, nalo pia lilianza kwa zawadi ya Andrew Mellon, mwenye benki aliyekuwa Waziri wa Fedha. Bunge liliikubali mwaka 1937 na jumba likafunguliwa mwaka 1941. Mengi yaliyobaki ni mashirika ya hisani yanayoongozwa na bodi za wadhamini. Bodi ndiyo mmiliki kisheria, lakini inamiliki kwa niaba ya umma, kama wasimamizi wa wakfu. Wadhamini wakikiuka dhamana hiyo, anayeweza kuwashitaki kwa kawaida ni Mwanasheria Mkuu wa jimbo. Mwananchi aliyeipenda picha tangu utotoni hana nafasi yake mwenyewe mbele ya jaji.

Serikali, hata hivyo, huchangia kwa njia isiyoonekana. Tangu mwaka 1917, sheria ya kodi ya mapato ya Marekani inamruhusu mtu kupunguza kipato chake kinachotozwa kodi kwa kiasi cha hisani aliyoitoa. Mkusanyaji aliyenunua picha kwa bei ndogo miaka mingi iliyopita anaweza kuitoa leo kwa makumbusho na kuhesabiwa thamani yake ya sasa sokoni. Kwa hiyo kila kibandiko kinachotaja zawadi ya bwana au bibi fulani kinasimulia pia kodi ambayo hazina ya taifa iliisamehe, ingawa hakisemi hivyo. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 1969, mchoraji anayetoa kazi yake mwenyewe anahesabiwa gharama ya vifaa tu, yaani turubai na rangi. Tajiri aliyeinunua picha ileile anapata nafuu ya bei nzima ya soko; aliyeichora anapata nafuu ya bei ya kopo la rangi. Naiona sheria hii kuwa ya dhuluma, na matokeo yake yako wazi: wasanii waliokuwa wakitoa kazi zao kwa hiari walipunguza sana kufanya hivyo, na uamuzi wa kipi kiingie makumbusho ukazidi kubaki mikononi mwa wanunuzi.

Hatupaswi pia kudhani kwamba makumbusho makubwa yalikuwa yakiusubiri uchoraji wa Marekani kwa mikono miwili. Mwaka 1929 mchongaji Gertrude Vanderbilt Whitney, aliyetoka katika mojawapo ya familia tajiri zaidi za New York, alitaka kuipa Metropolitan zaidi ya kazi 500 za wasanii wa Marekani waliokuwa hai wakati huo. Metropolitan ikakataa. Mwaka uliofuata alianzisha makumbusho yake mwenyewe, na mwaka 1931 yakafungua milango katika mtaa wa Greenwich Village. Ndipo palipozaliwa Makumbusho ya Whitney, ambako leo vibandiko vingi vya picha na michoro ya Hopper vinataja wosia wa mjane wake, Josephine, aliyefariki mwaka 1968.

Zawadi huja na masharti, na masharti ndiyo yanayoleta kesi. Ninayoona ina mafunzo mengi kuliko zote ni ya Chuo Kikuu cha Fisk, Nashville, Tennessee, kilichoanzishwa mwaka 1866 kwa ajili ya watu weusi waliokuwa wametoka tu utumwani. Mpiga picha na mfanyabiashara wa sanaa Alfred Stieglitz alipofariki mwaka 1946, mjane wake, mchoraji Georgia O'Keeffe, aliyagawa makusanyo yake kwa taasisi kadhaa, zikiwamo Metropolitan na Taasisi ya Sanaa ya Chicago. Mwaka 1949 alikipa Fisk kazi 101: za Wazungu wa Ulaya kama Cézanne, Renoir na Picasso, na za Wamarekani wa kizazi chake, Marsden Hartley, Charles Demuth, Arthur Dove na John Marin. Humo alitia picha yake mwenyewe ya mwaka 1927, "Radiator Building – Night, New York": ghorofa refu jeusi lenye madirisha meupe yanayowaka, mvuke ukipanda upande mmoja, na upande wa pili jina la Stieglitz likiandikwa kwa taa nyekundu, kana kwamba ni tangazo la biashara. Nashville ya wakati huo ilikuwa mji wa ubaguzi wa rangi uliowekwa na sheria. Kuyapeleka makusanyo ya aina hiyo katika chuo cha watu weusi kulikuwa tendo la makusudi, na lilikuwa tendo jema.

O'Keeffe aliweka masharti kwamba kazi hizo zisiuzwe na zisitenganishwe. Hakuacha fedha za kuzitunza kwa miaka yote iliyofuata. Chuo, ambacho hakikuwahi kuwa na akiba kubwa, kikajikuta na ukuta wenye thamani ya mamilioni na hazina tupu. Mwaka 2005 uongozi uliiomba mahakama ruhusa ya kuuza picha mbili, ile ya jengo na moja ya Hartley. Makumbusho ya Georgia O'Keeffe ya Santa Fe yalipinga, yakidai kuwa warithi wa haki zake. Mwanasheria Mkuu wa Tennessee aliingia kwa niaba ya umma. Na makumbusho mapya ya Crystal Bridges, yaliyokuwa yakijengwa Bentonville, Arkansas, na Alice Walton, binti wa mwanzilishi wa maduka ya Walmart, yakajitolea kulipa dola milioni 30 ili kuwa mmiliki wa nusu. Mahakama zilibishana kwa miaka kadhaa juu ya swali moja gumu: mtoaji aliyekwisha kufa alitaka nini hasa? Picha zikae pamoja, au zikae Nashville, au zikae katika chuo cha watu weusi? Mwaka 2012 mgogoro ulimalizwa kwa umiliki wa pamoja, makusanyo yakihama kati ya Nashville na Bentonville kila baada ya miaka miwili.

Wako waliokilaumu chuo kwa kuvunja ahadi. Sikubaliani nao. Ahadi ya kutunza milele iliwekwa juu ya mabega ya taasisi ambayo nchi yenyewe iliinyima rasilimali kwa zaidi ya karne moja, na wengi wa walioshutumu hawakujitolea kulipia mfumo wa hewa wala walinzi wa jumba hilo. Hata hivyo naelewa pia kwa nini Mwanasheria Mkuu alisimama. Kama masharti ya hiba yanaweza kuachwa kila mara hazina inapopungua, atakayekuja kesho na picha mkononi atasita kuitoa.

Picha isiyo na masharti nayo ina hatari zake. Thomas Eakins wa Philadelphia alichora mwaka 1875 kile ambacho wengi, nami nikiwamo, tunakihesabu kuwa picha kuu ya karne ya 19 ya Marekani: Dakta Samuel Gross akiwa amesimama katika ukumbi wa upasuaji, kisu mkononi, damu mbichi ikimetameta vidoleni mwake, wasaidizi wakiwa wameinamia paja la mgonjwa lililopasuliwa, na nyuma yake mwanamke aliyejifunika uso kwa vidole vilivyokunjamana kwa hofu. Maonyesho makubwa ya miaka 100 ya taifa, mwaka 1876, hayakuikubali katika ukumbi wa sanaa. Ilitundikwa katika banda la hospitali ya jeshi. Wahitimu wa chuo cha udaktari alikofundisha Gross waliinunua kwa dola 200 na kukikabidhi chuo chao, ikakaa huko kwa zaidi ya karne moja. Novemba 2006 chuo kilitangaza kwamba kinaiuza kwa dola milioni 68, kwa ubia wa Jumba la Taifa la Sanaa na Crystal Bridges, isipokuwa kama taasisi za Philadelphia zingefikisha bei hiyo kabla ya mwisho wa Desemba.

Mji ulitikisika. Watu walichanga, mabenki yakakopesha, na hatimaye Makumbusho ya Sanaa ya Philadelphia na Chuo cha Sanaa cha Pennsylvania vikainunua kwa pamoja. Lakini deni lilibaki, na ili kulilipa chuo hicho kiliuza "The Cello Player", picha nyingine ya Eakins iliyokuwa katika makusanyo yake, na makumbusho nayo yakatoa kazi nyingine za mchoraji huyohuyo. Eakins mmoja aliokolewa kwa kuuzwa Eakins wengine. Taarifa za ushindi wakati ule zilisema machache kuhusu upande huo.

Kununua sanaa kwa fedha za sanaa nyingine ndiyo kanuni kuu ya fani hii. Chama cha Wakurugenzi wa Makumbusho ya Sanaa kiliwataka wanachama wake kwa miaka mingi kwamba mapato ya picha iliyouzwa yatumike kununulia kazi nyingine tu, si kulipia mishahara, paa wala madeni. Kanuni hiyo si sheria ya nchi. Adhabu yake ni kutengwa: makumbusho yaliyoikiuka hayaazimwi picha na wenzao wala hayashirikishwi katika maonyesho. Makumbusho ya Sanaa ya Delaware yalionja adhabu hiyo mwaka 2014. Yale ya Berkshire, katika mji mdogo wa Pittsfield, Massachusetts, yaliifuata njia hiyohiyo mwaka 2018, baada ya jaji kuyaruhusu kuuza kazi zake hadi yapate dola milioni 55. Miongoni mwa zilizouzwa ilikuwamo "Shuffleton's Barbershop", ambayo Norman Rockwell, jirani wa mji huo, aliitoa kwa mkono wake mwenyewe. Wakati wa janga la Korona, Aprili 2020, chama kililegeza kamba, na mwaka 2022 kikaruhusu moja kwa moja kwamba mapato ya mauzo yatumike pia kutunza kazi zilizomo katika makusanyo.

Mabishano haya yote yanahusu picha zilizokwisha kuingia. Yako maswali mazito zaidi kuhusu zile ambazo milango mikubwa haikufunguliwa kwa ajili yake. Henry Ossawa Tanner, mwanafunzi mweusi wa Eakins, alihamia Paris mwaka 1891 kwa kuchoshwa na ubaguzi. Mwaka 1897 serikali ya Ufaransa ilinunua picha yake ya kufufuliwa kwa Lazaro. Picha yake ya mwaka 1893, ya mzee anayemfundisha mtoto kupiga banjo katika mwanga wa moto na wa dirisha unaokutana sakafuni, haiko Metropolitan wala Washington. Iko katika makumbusho ya Chuo Kikuu cha Hampton, Virginia, chuo cha watu weusi, na imekuwa huko tangu karne ya 19. Vyuo kama Hampton, Howard na Fisk vilikusanya wakati ambapo makumbusho makubwa hayakuona sababu ya kufanya hivyo. Bila vyuo hivyo, sehemu nzuri ya historia hii ingekuwa majumbani mwa watu au imepotea.

Jacob Lawrence alikuwa na umri wa miaka 23 alipomaliza, mwaka 1941, picha 60 ndogo kuhusu uhamaji wa mamilioni ya watu weusi kutoka Kusini kwenda miji ya Kaskazini. Alizitandaza zote na kutia rangi moja kwa wakati, nyeusi kwanza, kisha nyingine hadi zile za mwanga, ili nyekundu ya picha ya 3 iwe ileile ya picha ya 50. Ziliandikiwa maelezo yanayofuatana kama sura za kitabu kimoja. Mwaka 1942 makumbusho mawili yalizitaka, na suluhisho likawa kugawana: zenye namba witiri zikaenda kwa Mkusanyiko wa Phillips, Washington, na zenye namba shufwa kwa Makumbusho ya Sanaa ya Kisasa, New York, kama zawadi ya mfadhili mmoja. Hivyo umati unaosukumana kwenye stesheni katika picha ya kwanza uko mji mmoja, na picha ya mwisho, ya wahamiaji wanaozidi kusubiri treni, iko mji mwingine. Zimewahi kukutanishwa, kama ilivyokuwa New York mwaka 2015, kisha zikarudi kila moja kwake. Kwangu huu ni mgawanyo usiotetewa kwa hoja yoyote ya sanaa. Hakuna ambaye angenunua nusu ya riwaya kwa kurasa zenye namba shufwa.

Baltimore, mji ambao wakazi wake wengi ni weusi, makumbusho yake yalijaribu kurekebisha hesabu hiyo kwa nguvu ya soko. Mwaka 2018 yaliuza kazi 7 za wanaume Wazungu mashuhuri, akiwamo Andy Warhol, na kununua za wanawake na za wasanii weusi, akiwamo Amy Sherald, mchoraji wa picha rasmi ya Michelle Obama. Hilo lilikuwa ndani ya kanuni na, kwa maoni yangu, lilikuwa haki. Lakini Oktoba 2020 yalipotaka kuuza kazi nyingine 3, sehemu ya fedha ikikusudiwa kuongeza mishahara ya wafanyakazi, upinzani ulikuwa mkali hata mauzo yakasimamishwa saa chache kabla ya mnada.

Kesi iliyouweka mstari wa mwisho wa kibandiko mbele ya macho ya nchi nzima ilikuwa ya Detroit. Taasisi ya Sanaa ya Detroit ilikuwa ya kipekee kati ya makumbusho makubwa kwa kuwa majengo na makusanyo vilikuwa mali ya manispaa. Jiji lilipotangaza kufilisika Julai 2013, wadai waliuliza kwa nini picha zisiuzwe kulipia madeni. Mwanasheria Mkuu wa Michigan alikuwa tayari ametoa maoni kwamba makusanyo yale ni dhamana ya hisani kwa watu wa jimbo. Kampuni ya mnada ya Christie's iliitwa kutathmini, na ilielekezwa kwenye takriban kazi 2,800 tu kati ya zaidi ya 60,000: zile zilizonunuliwa kwa fedha za jiji. Thamani yake ilikadiriwa kati ya dola milioni 454 na 867. Kwa hiyo picha ya arusi ya kijijini ya Bruegel, iliyonunuliwa na jiji mwaka 1930, ilipangiwa bei, ilhali fataki za Whistler zinazoanguka juu ya mto usiku, ambazo Dexter Ferry alizitoa mwaka 1946, hazikuwamo katika hesabu hiyo ya kwanza. Tofauti kati ya hizo mbili ilikuwa maneno machache kwenye kibandiko: hii ni ununuzi wa Jiji la Detroit, ile ni zawadi.

Mwaka 2014 taasisi za hisani, serikali ya jimbo na makumbusho yenyewe vilikubaliana kutoa takriban dola milioni 816, zilizopunguza makali ya makato ya pensheni za wastaafu wa jiji. Makusanyo yote yakahamishiwa shirika la hisani linalojitegemea. Lakini kabla ya hapo, mwaka 2012, wakazi wa kaunti tatu za Wayne, Oakland na Macomb walikuwa wamepiga kura kujitoza kodi ya majengo ya kuendeshea makumbusho hayo, nao kwa kurudishiwa wakaruhusiwa kuingia bure. Mwaka 2020 waliulizwa tena kama wako tayari kuendelea kulipa, na wakakubali.